Askari Kuwa Balozi: Jibu kwa Wanaoisifu Desturi

Ipo desturi iliyoenea katika nchi nyingi za dunia, ya kumwondoa mkuu wa jeshi kambini siku za kustaafu kwake na kumpeleka ng'ambo awe balozi. Pakistani yatajwa mara nyingi kwa desturi hii. Shahid Karimullah alikuwa mkuu wa jeshi la wanamaji la nchi hiyo tangu mwaka 2002 hata 2005, kisha akavua sare ya bahari na kuwa balozi katika Saudi Arabia. Lakini hatuna haja ya kuvuka bahari kutafuta mifano. Jenerali Mrisho Sarakikya, aliyekuwa Mkuu wa Majeshi wa kwanza wa jeshi letu lililoundwa upya mwaka 1964, na aliyekaa katika kazi hiyo hata 1974, baadaye aliiwakilisha nchi yetu Nigeria na Kenya. Katika miaka iliyo karibu nasi zaidi, Luteni Jenerali Abdulrahman Shimbo alikwenda China, na Luteni Jenerali Wynjones Kisamba alikwenda Urusi; na wako wengine waliopita katika njia hiyo hiyo.

Desturi hii ina wasifu wake, na sifa wanazoipa zimezidi hata zimekuwa kama kanuni: ya kwamba askari mwema ni balozi mwema, na kwamba aliyejua kuamuru kikosi hatashindwa kuongoza ubalozi. Makala haya yanakusudia kuipinga kanuni hiyo. Hatuandiki juu ya tabia wala utendaji wa mtu yeyote tuliyemtaja. Heshima zao ni zao, na utumishi wao haukanwi hapa. Twaandika juu ya fikira inayofanywa kuwa kweli kwa kurudiwa tu, na fikira ya namna hiyo, ikiachwa bila jibu katika chuo cha elimu, hugeuka kuwa somo.

Tena twaandika kwa kuutazama mkoa wa Simiyu, na hasa Bariadi, makao makuu yake. Msomaji aweza kushangaa. Bariadi ina nini na mabalozi? Hakuna bandari pale, wala ubalozi, wala kambi ya wanamaji. Mkoa wenyewe, uliozaliwa mwaka 2012 kwa kumegwa kutoka Shinyanga na Mwanza, huligusa Ziwa Victoria upande wa Busega tu. Lakini ndiyo sababu twauchagua. Ubalozi hupimwa vibaya ukipimwa Dar es Salaam au Dodoma, ambako watu huuona kwa magari na karamu zake. Upimwe Bariadi, ambako matunda yake hufika au hayafiki.

Na tuanze kwa kuzisikiliza hoja za upande wa pili, maana mwenye kujibu asiyosikia hujibu upepo. Hoja zenyewe ni tatu. Kwanza, wasema kwamba jeshi hufundisha nidhamu, na ubalozi wataka nidhamu. Pili, wasema kwamba askari amekwisha kujaribiwa katika uzalendo na kutunza siri, jambo ambalo raia hana namna ya kulithibitisha. Tatu, wataja mifano: Brigedia Jenerali Hashim Mbita kwetu, na Luteni Jenerali Lazaro Sumbeiywo kwa jirani zetu wa Kenya. Wakisha kuwataja hao wawili hudhani mjadala umefungwa.

Hoja ya nidhamu ina ukweli ndani yake, lakini ni ukweli mfupi. Nidhamu ya jeshi ni utii kwa amri iliyo wazi, itokayo kwa mtu anayejulikana, na kutekelezwa kwa wakati uliowekwa. Sasa tazama kazi za balozi kama zilivyoandikwa katika Mkataba wa Vienna wa mwaka 1961: kuiwakilisha nchi yake, kulinda masilahi ya nchi na ya raia wake, kujadiliana na serikali ya ugenini, kupata habari kwa njia zilizo halali, na kukuza urafiki, biashara na utamaduni. Katika kazi hizo tano, ni ipi inayofanyika kwa amri? Waziri wa nchi ya ugeni hapokei amri ya balozi wetu. Mfanyabiashara wa nyuzi za pamba hasimami wima balozi apitapo. Wote hao hushawishiwa, na ushawishi ni ufundi mwingine, wenye shule yake nyingine.

Sisi tufundishao lugha twaliona jambo hili katika sarufi yenyewe. Lugha ya gwaride yatosheka na kitenzi kitupu: simama, geuka, tembea. Neno ni moja, na maana yake ni moja, na ole wake atakayeuliza sababu. Lugha ya mapatano hutaka vitenzi vya namna nyingine kabisa: ingekuwa vyema, tungependa muangalie, endapo mtakubali, isipokuwa pale ambapo. Humo ndani ya ‑nge‑ na ‑ki‑ na isipokuwa ndimo masilahi ya nchi yanamookolewa au kupotezwa. Mtu aliyetumia miaka thelathini katika lugha ya kwanza aweza kujifunza ya pili, hatusemi hawezi. Twasema kwamba hajaijua kwa sababu tu ya kuijua ile ya kwanza, na kwamba siku moja ya kuapishwa haiwezi kumfundisha.

Wasukuma wa zamani walizitenga kazi hizi mbili bila kusoma mkataba wowote. Basumba, yaani vijana, walikuwa chini ya kiongozi wao, nsumba ntale, na kazi yao ilikuwa ya nguvu na ya shirika: kuitikia mwito, kulima kwa pamoja, kujenga. Banamhala, yaani wazee, walikuwa na baraza lao, na kazi yao ilikuwa kusikiliza mashauri na kusuluhisha. Hakuna aliyewadharau basumba. Bila wao njaa ingeingia nyumbani. Lakini mtu hakuhesabiwa mjuzi wa kusuluhisha kwa kuwa alikuwa mwepesi wa jembe. Alitakiwa aketi na wazee, asikie, akosolewe, hata neno lake lipate uzito. Wanaotaka kutushawishi kwamba jenerali huwa balozi kwa kuvua kofia moja na kuvaa nyingine wangeshangaza baraza hilo.

Hoja ya pili, ya uzalendo na siri, twaijibu kwa maneno machache. Uzalendo si mali ya kambi. Mkulima wa Itilima aliyepanda pamba baada ya msimu wa hasara ameipa nchi fedha za kigeni kutoka katika jasho lake, wala hakuna aliyempigia saluti. Ama siri, kazi ya balozi si kuficha tu. Nusu ya kazi yake ni kujua nini cha kusema, kwa nani, na lini. Mtu asiyesema kitu hawezi kushtakiwa kwa kufichua siri, lakini pia hawezi kuuza gunia moja.

Basi twafika kwenye hoja ya tatu, iliyo kubwa, maana mifano ina nguvu kuliko maneno. Hashim Mbita alizaliwa Tabora mwaka 1933, akafariki dunia tarehe 26 Aprili 2015. Tangu mapema miaka ya 1970 hata mwaka 1994 alikuwa Katibu Mtendaji wa Kamati ya Ukombozi ya Umoja wa Nchi Huru za Afrika, kamati iliyoundwa mwaka 1963 na kuwekewa makao yake Dar es Salaam. Alipoishika kazi hiyo, Msumbiji, Angola, Zimbabwe, Namibia na Afrika Kusini zilikuwa bado chini ya utawala wa kigeni au wa wachache; Kamati ilipovunjwa mwaka 1994, zote zilikuwa huru. Baadaye akawa balozi wetu nchini Zimbabwe. Kama kuna askari aliyestahili jina la mwanadiplomasia katika Afrika hii, ni huyu, na twamheshimu si chini ya wanavyomheshimu tunaobishana nao.

Lakini na tuulize: Mbita alikuwa nani kabla ya kuvaa magwanda? Alikuwa mwandishi wa habari. Kazi yake ya kwanza ilikuwa maneno: kuyasikia, kuyachuja, kuyaandika ili mtu wa mbali aelewe. Alikuwa mwandishi wa habari wa Mwalimu Nyerere, akiona kila siku jinsi neno moja la Rais linavyosomwa katika miji mikuu ya mataifa. Akapata mafunzo ya uafisa, kisha akawa Katibu Mtendaji wa TANU, ambako alijifunza kuongea na watu wasioweza kulazimishwa. Hata alipoingia katika Kamati ya Ukombozi, alikuwa amepita katika shule tatu: ya kalamu, ya silaha, na ya siasa. Kazi iliyomkabili iliihitaji kila moja. Vyama vya ukombozi vilikuwa vingi na vyenye wivu. ZANU na ZAPU walikuwa na ugomvi wao, ANC na PAC wao, na katika Angola vyama vitatu vilifikia kupigana vyenyewe kwa vyenyewe hata uhuru ulipopatikana Novemba 1975. Kuwagawia watu wa namna hiyo silaha na fedha za Afrika nzima, na kubaki ukiaminiwa na wote, si kazi ya amri. Basi mfano wa Mbita hauthibitishi kwamba askari huwa balozi. Wathibitisha kwamba mtu wa maneno, aliyeongezewa elimu ya silaha, akalelewa katika siasa, aweza kuwa balozi mkubwa. Hayo ni mambo mawili mbalimbali, na wapinzani wetu wameyachanganya.

Kuna jambo la pili wasilolitazama. Njia aliyopita Mbita imefungwa, na imefungwa kwa haki. Baada ya maasi ya askari wa Januari 1964, jeshi letu liliundwa upya likiwa na uhusiano wa karibu na chama. Askari aliweza kuwa mwanachama, na afisa aliweza kuingia katika uongozi wa chama na kurudi. Mfumo wa vyama vingi ulipokuja mwaka 1992, mlango huo ulifungwa, na Katiba yetu yamkataza mwanajeshi kujiunga na chama chochote cha siasa. Hatuombi ufunguliwe tena. Jeshi lisilo na chama ni ngao ya vyama vyote. Lakini yafuata kwamba afisa wa leo hufika mwisho wa utumishi wake bila ile shule ya tatu. Ni makosa ya fikira kuyataka matunda ya mti na huku tumekwisha kuung'oa mti, na kujifanya kwamba bado uko palepale.

Mfano wa Sumbeiywo waelekea huko huko. Ni kweli alikuwa mkuu wa jeshi la nchi kavu la Kenya. Ni kweli pia kwamba chini ya usuluhishi wake Wasudani walitia saini Itifaki ya Machakos Julai 2002, na mkataba wa amani kamili Nairobi tarehe 9 Januari 2005, mkataba uliofungua njia ya uhuru wa Sudan Kusini mwaka 2011. Lakini hakuletwa katika shauri hilo kutoka gwaride. Alikuwa ameishughulikia Sudan tangu miaka ya 1990, akizijua pande zote mbili, uongo wao na hofu zao. Tena shauri lenyewe lilikuwa la vita: kusimamisha mapigano, kutenga majeshi, kugawa silaha. Hapo elimu ya askari ilikuwa elimu iliyotakiwa. Anayetoa mfano huo amesema kwamba mtu aliyeijua kazi yake aliifanya vyema, na hilo hatulipingi.

Sasa na turudi Bariadi, maana huko ndiko tuliahidi kuupima ubalozi. Mambo mawili ya Simiyu huamuliwa mbali na Simiyu, nayo ni pamba na maji.

Simiyu ndio mkoa unaoongoza kwa kilimo cha pamba nchini, na sehemu kubwa ya nyuzi zake huuzwa nje zikiwa ghafi. Mwaka 2019 bei elekezi ilitangazwa kuwa shilingi 1,200 kwa kilo. Bei ya dunia ikashuka, mataifa makubwa yakivutana katika biashara, wanunuzi wakasita, na wakulima wengi wakangoja malipo yao wakati watoto wanatakiwa shuleni. Hakuna jambo alilolitenda mkulima wa Bariadi lililoishusha bei ile. Liliamuliwa mahali ambapo hana kiti, na mtu wa pekee anayeweza kukaa karibu na kiti hicho kwa niaba yake ni mjumbe wa nchi yake.

Wako waliokwisha kutuonyesha jinsi vita hivi vinavyopigwa. Mwaka 2002 Brazil iliishtaki Marekani katika Shirika la Biashara la Dunia kwa ruzuku inazowapa wakulima wake wa pamba, ikashinda, na mwaka 2005 ikashinda tena katika rufaa. Mwaka 2003 nchi nne za Afrika Magharibi na ya Kati, yaani Benin, Burkina Faso, Chad na Mali, zililipeleka shauri la pamba mbele ya shirika hilo hilo na kulifanya lisiweze kupuuzwa tena. Hizo ni nchi maskini, nyingine maskini kuliko sisi. Silaha yao ilikuwa watu waliozijua sheria za biashara, waliojua kuhesabu ruzuku, na waliojua kuandika hoja isiyobomoka.

Nasi tulipata kuwa na mtu wa namna hiyo. Paul Bomani hakuwa askari. Alitokea katika ushirika wa wakulima wa pamba wa Kanda ya Ziwa. Alikuwa mwasisi wa Shirikisho la Vyama vya Ushirika vya Victoria, lililoanzishwa mwaka 1955 ili mizani ya pamba itoke mikononi mwa walanguzi na kuingia mikononi mwa walioilima. Akawa waziri, kisha tangu 1972 hata mapema miaka ya 1980 akawa balozi wetu Marekani. Mtu akiuliza balozi atokaneje na Usukuma, jibu limekwisha kutolewa. Alikwenda Washington akiijua kilo ya pamba kwa uzito wake mkononi.

Ama maji, habari yake ni nzito zaidi. Mto Simiyu humwaga maji yake katika Ziwa Victoria, na Ziwa Victoria hulisha Nile. Mwaka 1929 Uingereza na Misri zilipatana kwamba kazi ya kupunguza maji hayo isifanywe katika makoloni bila ridhaa ya Misri; mwaka 1962 Mwalimu Nyerere alitangaza kwamba Tanganyika huru haifungwi na mapatano hayo. Hata hivyo, tulipoyavuta maji ya ziwa kwenda Kahama na Shinyanga mwanzoni mwa miaka ya 2000, mabishano yalizuka upya. Mwaka 2010 tulitia saini Mkataba wa Ushirikiano wa Nile kule Entebbe, na mkataba huo ukaanza kufanya kazi Oktoba 2024, pasipo Misri na Sudan kukubali. Na mradi wa kuyafikisha maji ya ziwa katika wilaya za Simiyu, uliopata idhini ya Mfuko wa Kijani wa Tabianchi mwaka 2017, umekaa ndani ya historia hiyo. Mwanamke wa Meatu abebaye ndoo hamjui balozi wetu wa Cairo. Lakini balozi huyo, akiwa askari au akiwa raia, ana wajibu wa kumjua mwanamke huyo, na kuzijua tarehe hizi zote, na sheria zilizomo ndani yake, kabla hajakabidhi hati zake.

Raia wa Bariadi analo tayari neno la kumpimia. Kabla hajasikia habari za mabalozi wa ng'ambo, alimjua balozi wa nyumba kumi. Huyu, tangu miaka ya 1960, alipaswa kuijua kila nyumba: nani mgonjwa, nani mgeni, nani amegombana na nani. Kama hakuzijua nyumba zake, hakuwa balozi kitu. Twataka kipimo hicho hicho kwa wakubwa.

Yatupasa kuwa waadilifu. Kosa tunalolipinga si la askari peke yake. Mwanasiasa aliyeshindwa uchaguzi, akapelekwa ng'ambo kwa kufutwa machozi, hana sifa zaidi ya jenerali. Na pengine ana pungufu, kwani jenerali angalau huamka mapema. Wala hatuwaungi mkono wasemao kwamba aliyewahi kushika bunduki asikaribie ubalozi kamwe. Mbita yupo kuwakanusha. Salim Ahmed Salim alitumwa Cairo mwaka 1964 akiwa kijana wa miaka ishirini na miwili, akaja kuwa fahari ya Afrika. Basi wala umri, wala cheo, wala vazi si kipimo. Kipimo ni matayarisho, na vipawa adimu havifanywi kanuni ya kuajiria.

Wengine watasema kwamba matayarisho yapo: kwamba Chuo cha Taifa cha Ulinzi, kilichofunguliwa Kunduchi mwaka 2012, huwafundisha maafisa na raia pamoja mambo ya mikakati na uhusiano wa mataifa. Ni kweli, na ni jambo jema. Lakini mkakati ni elimu ya kuona nchi kutoka juu. Tunachokidai ni elimu ya kuiona kutoka katika shamba na soko.

Tunayoyataka, basi, ni matatu. La kwanza, mtu yeyote atokaye nje ya utumishi wa mambo ya nje, awe jenerali au mbunge, apite muda wa kutosha katika Chuo cha Diplomasia cha Kurasini, ambacho tumekuwa nacho tangu 1978, asome sheria za mataifa, biashara, na lugha ya nchi aendayo. La pili, kabla ya kuondoka azuru mikoa ambayo masilahi yake anakwenda kuyatetea. Aendaye nchi inayonunua pamba aende Bariadi na Maswa, akae na wakulima mpaka waridhike kwamba ameelewa. La tatu, aulizwe maswali hadharani. Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 yataka Bunge liwaidhinishe mabalozi. Kwetu Rais huteua, na Bunge halina sauti. Sera yetu ya Mambo ya Nje ya mwaka 2001 iliitangaza diplomasia ya uchumi kuwa ndiyo njia yetu. Uchumi huo una wenyewe, na wenyewe wana haki ya kumsikia mjumbe wao kabla hajatumwa.

Wanafunzi wetu, wengi wenu mmetoka katika vijiji vilivyosomesha watoto kwa pamba. Mtakapoisikia tena ile kauli kwamba askari mwema ni balozi mwema, msiipokee kwa sababu ya wingi wa wanaoisema, wala msiikatae kwa kuwachukia askari. Ulizeni tu: amejifunza nini, lini, na kwa nani? Jibu likipatikana, mpeni heshima yake. Lisipopatikana, semeni hivyo bila kuona haya, maana msimu ukiharibika hasara haitakuwa yake.